Ishara ya Pili

Sharifa hakuwa na ugomvi na nyota. Ugomvi wake ulikuwa na mumewe, Prof Kitenge, mwalimu wa fizikia, mtu aliyeweza kusahau njaa yake mwenyewe lakini hakuweza kuliacha jambo bila kulieleza. Siku mji wa Uvira ulipofungwa pande zote, wanaume wengine wa mtaa wao wa Rugenge walikuwa wakifukia mchele chini ya vitanda na kuwaficha watoto wao darini. Yeye alichukua kipande cha mkaa jikoni, akasimama mbele ya ukuta wa uani, ukuta ambao Sharifa aliupaka chokaa kwa mkono wake kwa ajili ya Idi, akaanza kuchora.

"Baba Tariki, unafanya nini na ukuta yangu?"

"Naonyesha batoto fasi tuko."

"Fasi tuko tunajuwa. Tuko mu mutego."

Na kweli mtego ulikuwa umefyatuka. Mpaka wa Kavimvira ulifungwa kwa mnyororo, na Warundi nao wakafunga upande wao. Barabara ya Bukavu ilikuwa na vita. Ya Baraka ilikuwa na vizuizi, kila kizuizi na mabwana zake. Njia ya mlimani, ile ya kupandia kuelekea Mulenge, ilikuwa na watu wengine wenye bunduki ambao hata wenye bunduki wa mjini waliwaogopa. Likabaki ziwa, na ziwani askari walipiga marufuku mitumbwi yote isipokuwa ya wavuvi wachache waliopewa ruhusa. Simu za Kongo zilikatwa, umeme ukafuata. Mchana, hewa ikiwa safi, ungeweza kusimama ufukweni ukaona mabati ya Bujumbura yakimeta, watu wa huko wanaendelea na maisha yao, nawe huku huwezi hata kumsalimia binamu yako.

Sharifa alikuwa mchuuzi wa ndagala, dagaa wa ziwani, binti wa wachuuzi, mjukuu wa Waislamu waliofanya biashara ya ziwa hilo kabla mipaka haijachorwa. Alizoea kuvuka maji kama wengine wanavyovuka barabara kwenda dukani. Kufungiwa kulimuuma mwilini kabisa. Aliamka asubuhi kifua kimebana, akatembea uani huku na huku, akarudi kukaa, akainuka tena. Na hapo ndipo mumewe alipoamua kuufundisha mtaa habari za viputo.

Shule zilikuwa zimefungwa, kwa hiyo watoto walijaa uani, na wakubwa nao walikuja kwa kukosa pa kwenda. Prof aliweka nukta katikati ya ukuta. Hilo ni jua, alisema, pamoja na sisi sote tunaolizunguka. Kisha akazungusha duara. Jua linapumua, alisema. Upepo wake unatoka pande zote bila kupumzika, unasukuma, unapita sayari zote, mpaka mbali kabisa unakutana na kitu kinachousukuma nao, unachoka, unasimama. Pale uliposimama ndipo ukingo. Ndani ya ukingo ni kiputo, na sisi tumo ndani yake, na kiputo hicho kinatukinga na miale mikali ya huko nje.

Halafu akachora duara lingine, kubwa mno, likala ukuta wote na kupita juu ya dirisha. Hiki ni kiputo cha pili, akasema, na cha kwanza ndani yake ni kama punje ya mtama ndani ya uwanja wa mpira. Hiki hakikupulizwa na jua letu. Kilipulizwa na nyota kubwa zilizokufa kwa kulipuka, moja baada ya nyingine, zikafagia kila kitu kando na kuacha uwazi. Jua halikuwapo wakati ule. Lilikuwa likipita njia yake, likajikuta limeingia humo.

"Kwa hiyo hata kule juu tumefungwa?" Sharifa akauliza kutoka jikoni. "Mara mbili?"

Watu walicheka. Prof naye alicheka, akasema kwamba wataalamu wa nyota wameona kitu kama kichochoro cha joto, kinachotoka katika kiputo chetu kuelekea kingine.

"Kiko upande ya Kavimvira?" Sharifa akauliza, na safari hii walicheka hadi machozi, kisha wakanyamaza wote pamoja, kwa sababu mlio wa gari ulikuwa umesimama nje ya lango.

Aliyeingia alikuwa komanda wa wale walioushika mji, pamoja na askari wake wawili. Watu wakayeyuka, hakuna aliyeona wamepitia wapi. Sharifa alikuwa ameshamsukuma binti yake Upendo chumbani. Mwanawe Tariki alikuwa juu ya dari tangu asubuhi. Yeye mwenyewe alibaki nyuma ya pazia la jikoni, roho mkononi.

Komanda aliutazama ukuta kwa muda mrefu. Nukta katikati, duara, duara kubwa zaidi.

"Mzee, hii nukta ni kambi yetu?"

Mtu mwingine angepiga magoti. Prof Kitenge alifurahi kuulizwa. Alisema hapana, bwana mkubwa, hilo ni jua, akaanza upya tangu mwanzo, jua linapumua, upepo unatoka, na askari wawili wakaegemea bunduki zao wakisikiliza midomo wazi. Komanda alivuta kiti akakaa. Akauliza swali. Swali lilikuwa zuri, na hilo ndilo lililomponza Prof, maana mwalimu akishapata mwanafunzi mwenye swali zuri hajui tena yuko wapi. Alizungumza mpaka jasho likamtoka. Na kwa kuwa mtu aliyekaa katika kiti chako ni mgeni, na mgeni hupewa maji, na maji huletwa na binti wa nyumba, Prof aligeuza kichwa akaita, kwa sauti ile ile ya siku zote:

"Upendo! Letea mugeni maji!"

Nyuma ya pazia Sharifa aliuma kidole. Hakuweza kumzuia. Binti ameitwa na baba yake mbele ya mgeni. Asipotokea, askari wataingia kumtafuta. Upendo alitoka, msichana wa miaka kumi na sita, kikombe juu ya kisahani, akainamisha goti kidogo kama alivyofundishwa. Komanda alipokea kikombe. Hakuwa tena na swali kuhusu jua.

Siku iliyofuata alituma sukari na sabuni, na salamu kwa "mtoto wa maji". Kabla sukari haijaguswa, ilitangazwa kwa kipaza sauti mtaa kwa mtaa kwamba kila nyumba yenye kijana wa kiume imlete uwanjani kwa mafunzo, na nyumba itakayoficha itajibu.

Sharifa hakumgombeza mumewe siku hiyo. Alimtazama tu, na Prof, ambaye hakuwahi kukosa la kusema, aliokota kitambaa akaanza kuufuta ukuta. Mkaa ulitapakaa, ukuta wote ukawa kijivu.

Njia ilikuwa moja: Ngendakumana. Huyu alikuwa mvuvi wa upande wa Burundi, Mkatoliki mpole mwenye masikio makubwa, aliyemuuzia Sharifa ndagala miaka na miaka. Alikuwa mmoja wa wachache wenye ruhusa ya kuleta samaki Uvira, kwa sababu askari nao hula. Chini ya nyavu zake kulikuwa na nafasi ya mtu mmoja, aliyejikunja. Mmoja tu.

"Namutwala kijana kwanza," alisema, macho yakiwa kwenye mizani kana kwamba wanapima samaki. "Nikirudia, namutwala binti."

Hapakuwa na ubishi juu ya nani atangulie. Amri ya uwanjani ilikuwa ya siku mbili tatu. Komanda, walau, bado alikuwa anatuma sukari.

Wakapatana ishara. Kuna jambo kila mtu wa mwambao huu analijua: laini za Burundi hunaswa Uvira ukipata mahali pa juu, na jirani yao Marie-Rose alikuwa na ghorofa ambayo marehemu mumewe hakuimaliza, nguzo na sakafu bila paa, ambapo simu ya Burundi ilikamata vizuri. Sharifa na Tariki walikuwa na laini za huko, lakini salio la Burundi halikuuzwa tena Uvira, na lililobaki kwao lilikuwa tone tu. Basi atabipa, kama watu wote wanavyobipa tangu simu zifike: iite mara moja, ikatwe, isigharimu kitu. Bipu moja maana yake nimefika. Upendo angalie, mama angalie, na Ngendakumana akirudi, Upendo apande.

Tariki aliondoka mchana wa mvua, wakati askari wa ufukweni walipojibanza chini ya mabati. Sharifa hakupata hata kumkumbatia. Alimwona akiingia chini ya nyavu, mguu wake mrefu ukabaki nje, Ngendakumana akausukuma ndani kwa kasia, na mtumbwi ukaenda.

Kungoja kulikuwa kubaya kuliko kufungwa kwenyewe. Walipanda ghorofani kwa zamu, wakijifanya wanaanika muhogo. Askari walipokuja kumuulizia Tariki, Prof alisema kijana alitoka zamani kwenda kwa mjomba wake, kule Fizi. Waliandika jina, wakapekua dari, wakaondoka na redio. Usiku Sharifa aliota mguu ule uliobaki nje.

Kisha, asubuhi moja, simu iliita. Mara moja. Ikakatika. Kwenye kioo palikuwa na jina: Tariki.

Sharifa alijiziba mdomo kwa ncha ya pagne aliyojifunga ili vigelegele visitoke. Alimkumbatia Upendo, akamkumbatia Marie-Rose, akacheza juu ya muhogo. Kifua chake kilifunguka kwa mara ya kwanza tangu mpaka ufungwe. Alimtafuta mumewe naye amkumbatie, akamkuta ameshika nguzo, ameitazama simu kwa macho yale ya kusahihisha mitihani.

"Simu imefika," Prof akasema. "Tariki, hatujuwi."

"Weye, muko na nini mu kichwa? Imebipa! Njo tulisema!"

"Kubipa haina sauti, Mama Tariki. Kidole ya nani ilifinya? Kama balimukamata ku maji, simu iko mu mikono yabo."

Na hapo, kwa upole, akamweleza jambo. Zamani, kabla wao hawajaoana, Wamarekani walirusha chombo kiitwacho Voyager. Kilikwenda miaka na miaka kuelekea ukingo wa kiputo cha jua. Siku moja ule upepo uliokuwa ukikipiga kutoka nyuma ukatoweka ghafla, na vichembe vya huko nje vikazidi. Wengi wakasema: kimetoka! Lakini wakubwa wao wakasema bado. Kuna ishara nyingine, ya sumaku, ambayo ilipaswa kugeuka na haijageuka. Ishara moja ikisema ndiyo na nyingine ikinyamaza, hatutangazi. Wakangoja karibu mwaka mzima, mpaka kishindo kilichotoka juani kikafika kule, na chombo kikapeleka nyumbani mtetemo ambao hauwezi kutokea ila nje. Hapo ndipo walipoamini.

"Na kilikuwa kimetoka siku gani?" Sharifa akauliza.

"Siku ile ya kwanza."

"Aha! Sasa ishara ya kwanza ilisema kweli!"

"Ilisema kweli. Lakini benyewe habakujuwa."

"Chombo haina mama," Sharifa akasema, akageuka.

Angeshinda mabishano hayo, kwa kuwa alikuwa na ulimi na hasira za kutosha. Aliyemvunja nguvu ni Marie-Rose. Alikuwa amekaa juu ya tofali akichambua muhogo, mwanamke asiyependa kuongea, na akaongea bila kuinua macho. Mumewe, dereva wa lori, alipopotea kwenye barabara ya Kamanyola, simu yake ilibipa. Iliita mara moja ikakatika. Marie-Rose naye alifurahi hivyo hivyo. Alibipa, akajibiwa kwa bipu. Akampigia, akaambiwa na sauti asiyoijua aje kwenye kizuizi na vitu vya kumkomboa mumewe. Alikwenda. Mumewe alikuwa ameshazikwa siku nyingi. Simu ilibaki inafanya kazi mikononi mwa watu.

"Sikatazi," Marie-Rose akasema. "Nasema tu vile nilionaka."

Muhogo ulikuwa mweupe juani. Sharifa aliichukua simu akabipa. Punde ikabipwa. Akabipa tena. Ikabipwa tena. Ilikuwa kama kugonga ukuta ukisikia mtu anagonga upande wa pili: unajua yupo mtu, hujui ni nani. Furaha yote ilimtoka, na kifua kikajifunga upya, kwa nguvu zaidi ya mwanzo. Alimchukia mumewe kwa hilo. Alimchukia Marie-Rose pia, kidogo, na akajichukia yeye kwa kumchukia mjane.

"Ile ingine inakuya," Prof alisema usiku ule kitandani, akimshika mkono. "Ishara ya pili. Tariki ni mutoto ya akili. Atatafuta mayunite ya simu, atapiga, tutasikia sauti. Tungojee kidogo tu."

Kidogo. Neno hilo lilimkaa Sharifa moyoni kama mwiba, lakini hakuwa na lingine la kuweka mahali pake.

Ngendakumana alirudi kabla ya sauti yoyote. Walikutana nyuma ya mawe ya kufulia, mahali ambapo askari waliwaruhusu wanawake kufua. Sharifa na Upendo walikuja na mabeseni. Prof naye alikuja, beseni la nguo kichwani, mwanamume wa pekee kati ya mawe yale, na siku nyingine wanawake wangemcheka hadi wajukuu zao wahadithiwe. Siku hiyo waliinamisha vichwa wakaendelea kusugua.

"Haraka, Mama Sharifa," Ngendakumana akasema. "Kesho banakusanya mitumbwi yote, banapeleka Kalundu. Hii njo ya mwisho. Binti aingie."

Prof alisimama ndani ya maji mpaka magotini, suruali imelowa. "Mutoto wetu ulimufikisha wapi?"

"Ng'ambo. Mu matete. Huko nako kulikuwa na askari banatembea, sikuweza kusogea ku muchanga."

"Ulimuona anafika ku barabara?"

Mwongo angesema ndiyo, na hadithi hii ingekuwa nyingine. Ngendakumana alikuna sikio lake kubwa. "Niliona mugongo yake. Kisha matete ikafunga. Nilirudia."

"Ulisikia kitu? Masasi? Makelele?"

"Kulikuwa mvua, Prof. Sikusikia kitu."

Prof alimgeukia mkewe. Mgongo, matete, bipu moja: vyote vilikuwa ishara ile ile moja, iliyorudiwa.

"Mama Sharifa," mvuvi akasema, na sasa sauti yake ilikuwa na kuumia, "miaka yote ile tuko bandugu, nilikuibia hata kilo moja? Natwala mutoto yako kama yangu."

"Najuwa," Sharifa akasema. "Najuwa, ndugu yangu."

Alikuwa ameshika kiwiko cha Upendo. Maji yalikuwa ya vuguvugu, povu la sabuni likielea kuzunguka miguu yao. Hatua moja tu, na angeingia chini ya nyavu. Sharifa aliuona mguu wa Tariki ukisukumwa kwa kasia. Aliona matete yakifunga. Aliona Marie-Rose akienda kwenye kizuizi na vitu alivyoambiwa. Kisha akamwona komanda akipokea kikombe, na mkono wake ukalegea. Kisha matete tena, na mkono ukakaza.

"Mama," Upendo akasema kwa sauti ndogo. "Niingie?"

Sharifa, mwanamke ambaye soko zima la Uvira lilimjua kwa kuwa na jibu kabla ya swali, alitazama nyavu, kisha akamtazama Prof. Askari mmoja alisimama juu ya ufuko akapiga mluzi. Ngendakumana alitupa samaki kadhaa juu ya jiwe kama mtu aliyemaliza kuuza, akasukuma mtumbwi kwa mguu. Hakuangalia nyuma. Sharifa alibaki ameshika kiwiko cha mwanawe mpaka mtumbwi ukawa hauonekani, na alipoachia, alama za vidole vyake zilikuwa kwenye ngozi ya msichana.

Kesho yake mitumbwi yote ilikokotwa bandarini Kalundu, ikafungwa kwa nyaya. Ufukwe ukabaki na mawe ya kufulia. Jioni alikuja Norbert, chefu wa avenue yao, kiongozi wa mtaa, mzee aliyelazimishwa kubeba ujumbe wa kila aliyeushika mji. Alikataa kiti. Aliongea akiwa amesimama, kofia mkononi.

"Prof, Mama Sharifa, munisamehe. Komanda anasema Ijumaa atakuya kuona bakwe yake. Anasema mutayarishe binti. Anasema..." Akameza mate. "Anasema anaheshimu nyumba hii, juu Prof alimufundisha."

Prof Kitenge alikaa katika kiti kile ambacho Norbert alikikataa.

Walijaribu kila kitu ambacho watu hujaribu. Sharifa alikwenda kwa binamu zake wa Mulongwe kuomba wamfiche Upendo; nyumba zao zilikuwa zimejaa askari. Prof alikwenda parokia, Mwislamu akiomba mlango wa nyuma, na padri alilia pamoja naye kwa sababu parokia yenyewe ililindwa na watu wa komanda. Walifikiria mlima, wakakumbuka waliopanda mlima. Kila walikogeuka walirudi uani kwao, mbele ya ukuta ule wa kijivu.

Basi wakapanda ghorofani, kwa kuwa hapakuwa na mahali pengine ambapo mtu angeweza kupanda. Watatu wote, na mkeka, na simu katikati yao. Ziwa lilitulia. Mabati ya Bujumbura yalimeta. Na simu ikaita.

Ikaita mara moja. Sharifa alingoja ikatike. Ikaita mara ya pili, na ya tatu, na Prof akainyakua akabonyeza.

"Papa!" Sauti ilikuwa ya Tariki, kubwa, ya furaha, yenye kelele za watu nyuma yake. "Papa, munisamehe, sikukuwa na mayunite! Napata kazi ya kubeba matofari, leo balinilipa. Mulisikia kubipa yangu? Nilibipa, nilibipa, na muliniyibu!"

"Tulisikia," Prof akasema.

"Upendo iko wapi? Kila siku naenda ku beach kumungojea. Leo nimeuliza Ngendakumana, anageuza uso, hataki kuniambia. Papa? Upendo iko wapi?"

Prof Kitenge aliteleza taratibu kando ya nguzo mpaka akakaa sakafuni. Ishara ya pili ilikuwa imefika, safi, isiyo na shaka, ishara ambayo mtaalamu yeyote angeikubali. Aliiondoa simu sikioni, akaishika mbali naye kama kitu kinachounguza.

"Papa? Sikia, kama hakupata mutumbwi, miye narudia. Kuko mutu hapa anavusha batu, anasema anaweza kunifikisha Uvira kesho. Namutafuta miye mwenyewe. Papa, munanisikia?"

Sharifa alitaka kusema. Uongo ulikuwa kazi rahisi kwake. Aliwahi kuwadanganya watoza ushuru wa nchi mbili kwa siku moja. Lakini huyu hakuwa mtoza ushuru, alikuwa Tariki.

Upendo alinyoosha mkono akaichukua simu kutoka kwa baba yake. Aliiweka sikioni, akasafisha koo, na alipoongea sauti yake ilikuwa ile ya siku zote, ya msichana anayesumbuliwa na kaka asiye na subira.

"Weye, makelele ya nini? Niko njiani."

"Upendo! Uko wapi?"

"Nasema niko njiani. Ngendakumana alikatazwa kusema, hata kwako. Tunapitia chini, kwa batu bengine, inachelewa kidogo. Usirudie huku, unasikia? Tutapishana ku maji, nitafika huko nikukose. Nitafanya nini peke yangu kwa Barundi?"

Kicheko cha Tariki kilisikika mpaka kwa Sharifa. "Bon. Bon, nangojea. Lakini hakika?"

"Hakika. Nitunzie chakula."

"Nakununulia mandazi. Upendo, huku batu banatembea tu, hakuna mutu anakuuliza..."

Salio likaisha, sauti ikakatika katikati ya neno. Upendo alibaki ameshika simu sikioni kwa muda, kama bado anasikiliza. Kisha akaizima kabisa, akaondoa laini, akaitia mfukoni mwa blauzi yake ili Tariki asipige tena akamkuta bado yuko Uvira. Aliinama akamfunika baba yake miguu kwa ncha ya mkeka, maana Prof alikuwa anatetemeka kwenye jua kali.

"Mama," akauliza, "Ijumaa ni kesho?"